T54 si ulemavu mkubwa kuliko T11

Mbio za watu wenye ulemavu zikionyeshwa, kwenye vibanda vya chai Nakuru hukosi mtu wa kusema mwanariadha wa kundi la T54 ameumia zaidi ya wa T11, eti 54 ni kubwa. Sivyo.

Tarakimu ya kwanza hutaja aina ya ulemavu: 1 ni macho, 5 ni mbio za viti vya magurudumu. Ya pili hutaja kiwango, na hapo namba ndogo ndiyo nzito. T11 haoni kabisa au huona mwanga tu. Mkenya Samwel Mushai Kimani, wa T11, alitwaa dhahabu ya mita 1500 kwenye Paralimpiki za London 2012 na Rio 2016 akikimbia sambamba na mwongozaji, kamba ikiwaunganisha mikono. T13, anayeona kiasi, hukimbia peke yake. Nao T54, kwa nguvu za mikono, humaliza mita hizo kabla ya bingwa yeyote wa miguu.

Hospitalini nako, B50 hadi B54 ni misimbo ya aina za malaria, wala si ngazi ya ukali. B50 ndiyo falsiparamu, inayoua zaidi.

Mabati je? Geji 32 ni jembamba kuliko 28. Ukilipa zaidi kwa 32, muuzaji atakushukuru sana.