Alama ya usawa isiyomaanisha usawa

Mwanafunzi anayeanza kujifunza programu hapa Kisumu tayari anajua kutoka darasa la hisabati kwamba = husema pande mbili zinalingana. Ndivyo Robert Recorde wa Wales alivyokusudia alipoitumia mwaka 1557: alichora mistari miwili sambamba kwa kuwa, alisema, hakuna vitu viwili vinavyolingana kuliko hiyo. Sasa mwanafunzi huyo anakutana na x = x + 1. Kihisabati haiwezekani. Kwa kompyuta ni amri: chukua thamani ya x, ongeza moja, jibu liweke palepale.

Fortran, lugha ya programu ya 1957, ndiyo iliyoizoesha dunia matumizi hayo. Waliounda lugha ya Algol 60 waliliona tatizo, wakatenga := kwa kuweka thamani na kuiachia = kazi yake ya kulinganisha; Pascal ya Niklaus Wirth, 1970, ikafuata njia hiyo. Lakini C ya Dennis Ritchie ilichagua = kwa kuweka na == kwa kulinganisha, na C ndiyo iliyoenea. Java, JavaScript na Python zote zilirithi. Kwa maoni yangu lilikuwa chaguo baya, na wanaolilipia ni watu ambao hawajawahi kuandika programu.

Chukua sacco ya wakulima wa miwa Kakamega inayotumia programu iliyoandikwa kwa C. Mwandishi anataka kuuliza kama mwanachama amemaliza mkopo. Badala ya if (deni == 0) anaandika if (deni = 0). Programu haiulizi tena: inafuta deni. Kisha, kwa kuwa sifuri huhesabiwa kuwa "hapana", inaendelea kwenye njia ya wale ambao bado wanadaiwa. Hakuna onyo wala kusimama. Mhasibu ataligundua pengo mwisho wa mwezi, kama ataligundua.

Kosa hili limewahi hata kupandwa makusudi. Mwaka 2003 mtu asiyejulikana alichomeka mistari miwili katika nakala moja ya msimbo wa Linux, mfumo endeshi wa kompyuta, yenye = mahali ambapo msomaji angetarajia ==. Ingempa mamlaka yote ya mashine. Ilinaswa mapema.

Alama ya + nayo ina mtego wake: katika JavaScript, "50" + 20 huleta "5020", ilhali "50" - 20 huleta 30. Kwenye kugawanya kuna mfano wa kusifiwa. Python ya zamani ilisema 7/2 ni 3. Tangu Python 3 ya mwaka 2008, / hutoa 3.5, na anayetaka namba nzima tu huandika //. Kazi mbili, alama mbili.

Walimu wenzangu, someni = kwa sauti kama "pokea" na == kama "je, ni sawa na". Kwa wanaoanza, Python inafaa zaidi, kwani hukataa kabisa if deni = 0. Wanaotumia C na GCC, programu inayotafsiri C kuwa lugha ya mashine, wawashe -Wall, chaguo lake la kutoa maonyo, kila mara. Itawaonya kuhusu mstari ule wa deni kabla programu haijafika kwa mhasibu.