Je, Wajua Kwa Nini Silaha za Kibiolojia Huwadhuru Hata Waliozitengeneza?

Mwezi Aprili 1979, wakazi wa Sverdlovsk, mji wa Urusi unaoitwa leo Yekaterinburg, walianza kuugua ghafla. Homa kali, pumzi kukata, kisha kifo baada ya siku chache. Walikufa watu wasiopungua 60. Serikali ya Umoja wa Kisovieti ikatangaza kwamba walikula nyama yenye kimeta. Maelezo hayo yaliingia akilini, kwani kimeta ni ugonjwa wa ng'ombe, kondoo na mbuzi, na binadamu huupata akimchuna au kumla mnyama aliyekufa nao.

Lakini madaktari wawili wa mji huo, Faina Abramova na Lev Grinberg, walikuwa wamezipasua maiti na kuona kwamba ugonjwa ulikuwa umeshambulia tezi za ndani ya kifua. Hiyo ni alama ya mtu aliyevuta vijidudu kwa pumzi. Makachero wa KGB, idara ya ujasusi ya Umoja wa Kisovieti, walipozoa rekodi za wagonjwa, wawili hao walificha sampuli zao, wakazitunza kwa miaka. Nawaheshimu sana kwa hilo, maana wangekamatwa wangelipa gharama kubwa.

Mwaka 1992, timu ya wanasayansi iliyoongozwa na Matthew Meselson wa Chuo Kikuu cha Harvard iliruhusiwa kufika. Walizungumza na familia za marehemu, wakaweka kwenye ramani mahali alipokuwa kila mgonjwa mchana wa Aprili 2. Karibu wote walikuwa kwenye ukanda mwembamba wa kilomita 4 hivi, ukianzia kwenye kambi ya jeshi na kufuata upepo wa siku ile. Mbele zaidi, hadi kilomita 50, mifugo ilikufa kwenye mstari uleule. Nyama haiui kwa kufuata upepo. Vijidudu vilikuwa vimevuja kutoka kambini, ambako kimeta kilizalishwa kwa ajili ya vita. Mwaka huohuo Rais Boris Yeltsin, ambaye mwaka 1979 alikuwa kiongozi wa Chama cha Kikomunisti mkoani humo, alikiri kwamba jeshi ndilo lililosababisha.

Silaha iliyoandaliwa kwa ajili ya adui iliua raia wa nchi iliyoiandaa. Wala hawakuwa wa kwanza kuonja. Mwaka 1942, jeshi la Japani lilisambaza vijidudu katika mkoa wa Zhejiang, China, na askari wake wenyewe wakaugua walipoingia maeneo hayo. Kazi hiyo ilitokana na Kitengo 731 cha Shiro Ishii, daktari aliyesimamia majaribio ya kinyama juu ya binadamu karibu na Harbin. Wafungwa wanaokadiriwa kufika 3,000 au zaidi waliuawa humo. Baada ya vita, Marekani ilimkinga Ishii na wenzake wasishtakiwe ili ipewe matokeo ya majaribio yao. Kwangu mimi, biashara hiyo ni miongoni mwa aibu kubwa za karne ya 20.

Mwaka huohuo wa 1942, Uingereza ilijaribu mabomu ya kimeta kwa kondoo kwenye kisiwa cha Gruinard, Scotland. Kondoo walikufa kama ilivyotarajiwa. Tatizo lililobaki ni udongo. Kimeta hujifunika ganda gumu na kuwa spora, ambayo hukaa ardhini miaka mingi bila kufa. Kisiwa kikafungwa. Mwaka 1986 kilinyunyiziwa tani 280 za formaldehaidi zilizochanganywa na maji ya bahari, na hadi mwaka 1990 ndipo serikali ilipotangaza kwamba ni salama kukanyaga.

Hapo ndipo ilipo tofauti na silaha nyingine. Bomu likishalipuka kazi yake imekwisha, ilhali kijidudu huanza kazi baada ya kuachiwa. Hakitambui sare ya askari wala mpaka wa nchi. Kimeta angalau hakienei kirahisi kutoka mtu hadi mtu. Tauni na ndui huenea, na anayezianzisha hana namna ya kuzirudisha.

Hoja hiyo ilichangia mataifa kuachana na silaha za kibiolojia. Itifaki ya Geneva ya 1925 ilikataza kuzitumia, ikanyamaza kuhusu kuzitengeneza. Mwaka 1969 Rais Richard Nixon alifuta mpango wa Marekani wa kushambulia kwa vijidudu, na mwaka 1972 ukasainiwa mkataba unaokataza hata kuzitengeneza na kuzihifadhi. Umoja wa Kisovieti ulisaini, kisha ukapanua mpango wake kwa siri. Uliwezekana udanganyifu huo kwa sababu mkataba hauna wakaguzi. Mazungumzo ya kuuwekea ukaguzi yalivunjika Julai 2001, Marekani ilipokataa rasimu.

Miezi michache baadaye, barua zenye spora za kimeta zilitumwa kwa vyombo vya habari na maseneta wa Marekani. Watu 5 walikufa na 17 wakaugua. Wapelelezi wa FBI walihitimisha kwamba mtumaji alikuwa Bruce Ivins, mwanasayansi wa maabara ya jeshi la Marekani lenyewe, aliyekuwa akishughulikia chanjo ya kimeta. Alijiua mwaka 2008 kabla ya kushtakiwa, na kamati ya wanasayansi ikasema baadaye kwamba ushahidi wa kimaabara peke yake hautoshi kuthibitisha chanzo.

Kwa mtu wa kawaida, hatari nyingine ni kwamba shambulio huweza kuonekana kama maradhi ya kila siku. Mwaka 1984, wafuasi wa Bhagwan Shree Rajneesh, kiongozi wa kidini kutoka India, walitia bakteria wa salmonela kwenye saladi za migahawa ya The Dalles, Oregon, ili wapiga kura waugue wasishiriki uchaguzi. Watu 751 waliugua, na kwa takriban mwaka mzima uchunguzi uliwalaumu wahudumu wa chakula. Kinyume chake, mwaka 2001 daktari mmoja wa Florida alitazama kwa darubini majimaji ya uti wa mgongo wa mgonjwa wake, akashuku kimeta mara moja, na maabara ya umma ikathibitisha ndani ya siku chache. Mgonjwa huyo hakupona, ila wengine waliokuwa hatarini walianza kupewa dawa mapema. Daktari na maabara hao ndio wanaohitajika pia mlipuko unapozuka wenyewe, bila mkono wa mtu.