Je, wajua kwa nini Aga Khan, mtu wa mahospitali na mashule, alifuga farasi wa mbio?

Ukitaja jina Aga Khan huku Afrika Mashariki mtu anafikiria hospitali kwanza, halafu shule, na Mkenya atakukumbusha gazeti la Nation, ambalo naye ndiye aliyelianzisha. Lakini nenda Ireland au Ufaransa ulitaje jina hilohilo, wengi watakwambia farasi. Sasa iweje imamu wa Waismailia, tawi la Waislamu wa Shia, mtu aliyetumia maisha yake kujenga zahanati na vyuo, awe pia mmoja wa wafugaji wakubwa kabisa wa farasi wa mbio duniani?

Jibu fupi ni kwamba alirithi. Aga Khan wa nne, Karim, alizaliwa Geneva mwaka 1936, utoto wake wa miaka ya vita akaupitishia Nairobi, na mwaka 1957 akiwa na miaka 20 tu na bado mwanafunzi wa Harvard, babu yake akafariki na wosia ukamtaja yeye kuwa imamu, baba yake Aly Khan akarukwa. Huyo babu ndiye aliyepimwa uzito wake kwa almasi Bombay na Dar es Salaam mwaka 1946, na pia ndiye aliyeanzisha mambo ya farasi huko Ulaya, akashinda Derby ya Epsom, mbio maarufu za farasi kule Uingereza, mara tano. Aly Khan naye alikuwa mpenzi wa farasi kupindukia. Mei 1960 akafa kwa ajali ya gari karibu na Paris, na kijana ambaye tayari alikuwa na jumuiya nzima mabegani akajikuta na mazizi pia. Mwezi uliofuata tu, farasi aitwaye Charlottesville akashinda mbio kubwa za Chantilly kwa jina la mmiliki mpya.

Angeweza kuuza wote, wala hakuna ambaye angemlaumu, lakini hakuuza, na hapa ndipo mimi navutiwa zaidi, kwa sababu aliyachukua mazizi yale kama kazi ya vizazi, sio starehe ya tajiri. Kwenye ufugaji huu mali yenyewe ni majike. Dume unaweza kulipia mbegu yake kokote lilipo, ila ukoo mzuri wa majike ukiupoteza umeupoteza. Babu alinunua jike moja mwaka 1922, Mumtaz Mahal, lenye mbio za ajabu, na uzao wake ukatunzwa mama kwa binti, mama kwa binti, mpaka mwaka 2008 kitukuu cha mbali kabisa, Zarkava, akashinda Arc, mbio kubwa za farasi kule Paris, na kustaafu bila kushindwa hata mara moja, mbio saba ushindi saba. Yaani miaka 86 ya subira! Na damu ilipohitaji kuongezewa nguvu, Karim alinunua mazizi mazima ya wafugaji wa Ufaransa, ya Dupré, ya Boussac, na mwaka 2005 ya Lagardère.

Hela nayo ilizunguka humohumo: farasi wakishinda kuna zawadi, wasiohitajika wanapigwa mnada, na dume bingwa linalipwa kila linapopandisha. Hii ilikuwa biashara ya familia, mbali na mtandao wa maendeleo unaoendesha hospitali na shule.

Halafu kuna Shergar, na hii inauma mpaka leo. Mwaka 1981 alishinda Derby kwa kuwaacha wenzake urefu wa farasi kumi, hakuna aliyewahi kushinda Derby kwa tofauti kubwa hivyo. Alipostaafu Aga Khan akamgawa hisa 40, kila moja pauni 250,000, yeye akabaki na sita. Februari 1983 watu wenye silaha wakaja usiku shambani Ireland wakamchukua, wakadai pauni milioni mbili, nadhani wakiamini kuna tajiri mmoja wa kumbana, kumbe wenye farasi walikuwa kundi zima na wote walipaswa kukubaliana, isitoshe kulipa kungeweka kila farasi wa thamani hatarini. Fidia haikulipwa, Shergar hakuonekana tena, na mashaka mengi yaliangukia IRA, kundi la wapiganaji wa Ireland waliopinga utawala wa Uingereza.

Mwingine angekimbia Ireland moja kwa moja lakini yeye aliendelea kuzalisha farasi huko, na baada ya Shergar akashinda Derby mara nne zaidi, 1986, 1988, 2000 na 2016. Tano kwa jumla, sawasawa na babu yake.

Alifariki Lisbon tarehe 4 Februari 2025 akiwa na miaka 88, akazikwa Aswan, Misri, alikozikwa babu yake. Uimamu umekwenda kwa mwanawe Rahim, na farasi wako mikononi mwa bintiye Zahra, ambaye alikuwa ameshazoea kazi hiyo pamoja na baba yake kwa miaka mingi.