Pori si ardhi isiyotumika

Kuna kipande cha Sheria ya Ardhi ya Tanzania, Na. 4 ya 1999, ambacho huwa nawasomea wanakijiji mara mbili. Pale inapotaja maana ya "ardhi ya jumla", yaani ile iliyo chini ya serikali na si ya kijiji, inaingiza humo hata ardhi ya kijiji isiyokaliwa au isiyotumika. Sasa nani ataamua kwamba haitumiki? Mkulima ana matuta na mabua ya mwaka jana. Mhadzabe wa bonde la Yaeda, kule Mbulu, anayeishi kwa kuwinda na kuchimba mizizi, atamwonyesha nini mpima ardhi? Mbuyu uliopigiliwa vigingi vya kupandia kufuata asali. Mashimo ya mizizi. Kambi iliyohamwa juzi. Mgeni akipita na gari lake anaona nyika tupu, na mara nyingi mgeni huyo ndiye mwenye kalamu.

Edward Loure alilijua hilo kwa uchungu wa nyumbani. Ni Mmaasai wa Simanjiro, na familia yake ni miongoni mwa walioondolewa Tarangire ilipofanywa hifadhi ya taifa mwaka 1970. Yeye na wenzake wa shirika la Ujamaa Community Resource Team waliigeukia Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5, nayo ya 1999. Wengi wetu tulizoea kuitumia kumpa mtu hati ya kimila ya shamba lake. Wao wakashika pale inaporuhusu kikundi kizima kumilikishwa kwa hati moja. Mwaka 2011 Wahadzabe wakapata hati yao ya pamoja. Loure alitunukiwa Tuzo ya Goldman, ya watetezi wa mazingira, mwaka 2016.

Kwa nini ya pamoja? Mgawie mfugaji ekari hamsini zake, halafu mvua inyeshe ng'ambo ya kilima. Ng'ombe hawali hati. Na kipande cha mtu mmoja huuzwa kimyakimya ada ya shule ikikaba. Cha wote hakiuziki bila wote kujua.

Taratibu zenyewe si ngumu: kijiji kiwe na cheti cha ardhi, mpango wa matumizi upitishwe na mkutano mkuu, maombi yaende halmashauri ya kijiji, hati isajiliwe. Kinachokula siku ni mipaka na majirani. Niliwahi kushinda siku mbili chini ya mgunga, wazee wa vijiji viwili wakibishania jina la korongo lisilo na maji.

Nisiwadanganye, hati si ukuta. Haimzuii mtu kuswaga mifugo usiku; hapo mnahitaji walinzi wenu na sheria ndogo. Rais naye bado ana mamlaka ya kuihamisha ardhi ya kijiji kwa manufaa ya umma. Ila sheria imetamka kwamba haki ya kimila ina hadhi sawa na ile inayotolewa na serikali, kwa hiyo anayeitaka ardhi hiyo anamkuta mwenyewe, mwenye jina na anayestahili fidia.

Kwa hiyo nendeni kwa mtendaji mkaombe kuona ramani ya mpango wenu. Mkikuta eneo la malisho au la asali limeandikwa "pori" tu, pelekeni hoja kwenye mkutano mkuu ujao, mtaje kila kinachopatikana humo: ubuyu, mizizi, dawa, maji ya kiangazi. Na hakikisheni kimeingia kwenye muhtasari.