Fundo: alama iliyokatazwa na kanuni zinazoizaa

Kazi yangu ni kubuni mifumo ya uchawi kwa ajili ya hadithi na michezo ya mezani, na hakuna ninachoulizwa zaidi ya alama iliyokatazwa. Kila mbunifu anaitaka. Wengi huanza na mchoro: miiba huku, jicho katikati, kisha wanatangaza kwamba alama hiyo ni ya uovu. Msomaji anaambiwa aiogope lakini haonyeshwi sababu. Kwangu mimi, alama ya hatari lazima izaliwe na kanuni zilezile zinazowasha taa na kupasha maji katika ulimwengu huo. Kama unaweza kuiondoa na mfumo ukabaki vilevile, basi ni pambo tu.

Hesabu ina mfano mzuri wa katazo la aina hii. Huruhusiwi kugawanya kwa sifuri, ingawa sifuri yenyewe haina kosa lolote. Ukisema sita gawanya kwa sifuri, unatafuta namba ambayo ukiizidisha kwa sifuri utapata sita, na namba hiyo haipo. Ukilazimisha iwepo, baada ya mistari michache utajikuta umethibitisha kwamba moja ni sawa na mbili, na hapo hesabu yote imebomoka. Septemba 1997 manowari ya Marekani USS Yorktown ilikwama baharini kwa zaidi ya saa mbili baada ya sifuri kuingizwa kwenye programu yake na kompyuta kujaribu kugawanya kwayo. Hakuna aliyekusudia kuharibu kitu. Hatari ya namna hiyo ndiyo ninayoitaka.

Katika mfumo wangu, Hati ya Mkondo, kila alama ina kinywa, shingo na mkia. Kinywa hugusa kitu kinachotoa, mkia hugusa kinachopokea, na shingo hubeba vipingili vinavyoeleza kiasi. Mwandishi anayetaka kupasha maji huchora kinywa juu ya jiwe lililoshinda juani, anaweka vipingili vitatu shingoni, kisha anauteremsha mkia hadi kwenye chombo. Jiwe linapoa, maji yanapata moto, na vipingili vinafutika kimoja baada ya kingine. Kikifutika cha tatu, kazi imekwisha.

Na kuna ada. Kwa kila kipingili kinachofutika, mwandishi hulipa pumzi moja. Kifua kinagoma kupanda, mara moja tu, halafu kinaendelea. Wanafunzi huizoea mapema na kuisahau. Niliifanya ndogo kwa makusudi, kwa sababu nilitaka msomaji naye aisahau.

Sasa chukua mkia uupeleke kwenye kinywa cha alama hiyohiyo. Hilo ndilo Fundo.

Kinachotoka mkiani kinaingia kinywani, kinapita shingoni, kinarudi mkiani. Vipingili haviwezi kulizuia, kwani kila kinywa kinapopokea, vinachipua upya. Wenye kuandika programu za kompyuta watalitambua mara moja: ni kazi inayojiita yenyewe bila sharti la kusimama. Ukilitazama jiwe hutaona badiliko, maana joto linazunguka tu, halipungui wala haliongezeki. Kinachopungua ni pumzi. Moja, nyingine, nyingine, upesi kuliko kifua kinavyoweza kuzirudisha. Mwandishi anabaki ameinama pale alipokuwa, mdomo wazi, kalamu bado mkononi, na anayepita mlangoni atadhani anasoma tena alichoandika.

Ndiyo maana mafunzo yote ya Hati ya Mkondo yana sharti moja ambalo wanafunzi huliona la kipuuzi: inua kalamu kabla ya kuchora mkia. Sharti hilo linafundishwa kama unadhifu wa mwandiko. Mkono unazoea, na hakuna anayehitaji kuambiwa unakingwa na nini.

Mbona wasilifute Fundo? Hapa nilikaa muda mrefu kuliko mahali pengine popote, maana hatari inayofutika kwa kitambaa si hatari. Nikaamua kwamba ada hutozwa kwa mtu wa mwisho anayejua kuisoma hati aliyeigusa alama. Mwalimu akikimbia kumwokoa mwanafunzi, deni linahamia kwake mara kidole chake kinapogusa mstari. Wanaofanya kazi na umeme wanaijua hali hii: aliyenaswa hashikwi kwa mikono, kwanza unakata umeme, la sivyo mtakuwa wawili.

Kanuni hiyo ilileta jambo ambalo sikulipanga, na sasa ndilo uti wa mgongo wa ulimwengu wote. Kama ada humfuata anayejua kusoma, basi asiyejua anaweza kulifuta Fundo bila kudhurika. Kila shule ya uandishi, kwa hiyo, inahitaji watu wasiojua herufi hata moja. Nawaita wafutaji. Wanalishwa na kuheshimiwa kwa maneno, wanalala jirani na madarasa, na ni marufuku kuwafundisha. Watoto wao pia. Waandishi wanaliita hilo ulinzi, na kinachouma ni kwamba hawasemi uongo.

Nilipokuwa nalipima wazo hili nilikuwa nikisoma kuhusu Goiânia, Brazil, mwaka 1987. Mashine ya tiba ya mionzi iliachwa katika kliniki iliyohamwa, watu wakaichukua kama chuma chakavu na kuivunja. Ndani mlikuwa na unga wa kaisiamu 137, kitu chenye mionzi, uliong'aa buluu gizani. Watu waliupenda, wakagawiana. Wanne walikufa na 249 walikutwa na uchafuzi. Mwaka 2007 mashirika ya IAEA (la nishati ya atomiki) na ISO (la viwango) yalitoa alama mpya ya mionzi yenye fuvu na mtu anayekimbia, baada ya kuijaribu katika nchi 11, kwa sababu ile ya mapanga matatu iliyobuniwa Berkeley mwaka 1946 haimwambii kitu asiyefundishwa maana yake. Katika ulimwengu wetu asiyejua ndiye anayeumia, kwa hiyo kumficha habari ni dhuluma iliyo wazi. Kwa Fundo niliigeuza: asiyejua ndiye aliye salama, na dhuluma ikapata mahali pa kujificha.

Wachezaji wangu wengi huomba dawa ya kusahau, yaani mfutaji aliyejifunza kusoma kwa siri aweze kurudi alivyokuwa. Nimekataa kila mara. Mkiipata dawa hiyo, waandishi watafuta wenyewe kwa zamu na wafutaji hawatahitajika tena, nasi tutakuwa tumelimaliza kwa kikombe kimoja jambo ambalo watu wa ulimwengu huo wanapaswa kuligombania. Mfutaji aliyejua kusoma anabaki anajua. Akiitwa usiku kufuta, achague: aseme ukweli na kuadhibiwa, au aguse.