Dereva kuachiliwa hakufuti fidia
Hapa Malindi husemwa tangu zamani kwamba dereva akishaachiliwa katika kesi ya trafiki, familia ya marehemu haina tena cha kudai. Sivyo. Kesi hiyo ni ya jinai, nayo huhitaji ushahidi usioacha shaka ya maana, ilhali katika dai la fidia hakimu hupima tu ni upande upi wenye uzito zaidi, hata kwa tofauti ndogo. Sheria ya ajali za vifo, Sura ya 32 ya Sheria za Kenya, humlinda mke, mume, mzazi na mtoto wa marehemu, nayo hutoa miaka 3 ya kufungua dai, tangu siku ya kifo. Mjane aliyefunga cheti cha kifo ndani ya leso, akaridhika na ubani wa mwenye matatu (ambao, kwa kweli, ni rambirambi tu), huhesabiwa miaka hiyohiyo.