"Hawajanilipa Miezi Miwili, Mkataba Umejivunja": Mshambuliaji, Soma Hii Kabla Hujafungasha Begi

Kila dirisha dogo la usajili likikaribia, sentensi ni ileile, mchezaji awe anatoka Mbagala, Tandale au Tabata: "Klabu haijanilipa miezi miwili, kwa hiyo mkataba umejivunja." Anayesema hivyo mara nyingi ameshaacha mazoezi, ameshamwahidi kiongozi wa timu nyingine, na simu ya meneja wa klabu yake haipokei tena. Mkataba haujivunji. Unavunjwa na mtu, kwa hatua zake. Ukiziruka hatua hizo, wewe uliyedhulumiwa ndiye unayegeuka kuwa mtoro wa kazini.

Kanuni inayotajwa vijiweni ni ibara ya 14bis ya Kanuni za FIFA za Hadhi na Uhamisho wa Wachezaji. Ina masharti mawili yanayokwenda pamoja, na watu wamelishika moja tu. La kwanza, klabu iwe imeshindwa kulipa angalau mishahara ya miezi miwili katika tarehe zake. La pili, mchezaji aiandikie klabu, aidai, na aipe muda usiopungua siku 15 wa kulipa deni lote. Siku hizo zikipita bila deni kumalizwa, hapo ndipo ibara hii inampa sababu halali ya kuvunja mkataba. Kabla ya barua, mchezaji ana deni analodai, basi.

Barua yenyewe haihitaji Kiswahili cha mahakamani. Ukurasa mmoja unatosha. Andika tarehe ya mkataba na kifungu cha mshahara. Taja kila mwezi unaodaiwa kwa jina lake na kiasi chake, kisha jumla, kisha namba ya akaunti ya benki. Weka tarehe ya mwisho ya kulipa, na sentensi moja inayosema kwamba ikipita utavunja mkataba kwa sababu halali. Siku zihesabu kuanzia kesho yake baada ya barua kupokelewa. Ushauri wangu ni kuandika siku 17 badala ya 15, maana ubishi wa siku moja umeshaharibu madai mazuri.

Chapa nakala mbili. Moja inabaki klabuni. Ya pili igongwe muhuri wa kupokelewa, iandikwe tarehe na jina la aliyeipokea. Katibu akikataa kugonga muhuri, tuma kwa EMS ya posta na ubaki na risiti, na siku hiyohiyo tuma kwa barua pepe rasmi ya klabu, ile iliyoandikwa kwenye mkataba. Meseji ya WhatsApp kwa mhasibu, "boss vipi ule mzigo," usiitegemee kama barua ya madai. Kauli ya kaka yako redioni nayo ni hivyohivyo.

Sasa sehemu inayowaangusha wengi: ndani ya siku hizo 15, nenda mazoezini. Kila siku, kwa muda uliopangwa. Kocha akikuambia ukae nje, kaa nje ukiwa hapohapo uwanjani, na ikiwezekana ujumbe huo uupate kwa maandishi. Ukikosa mazoezi, klabu itaanza kukuandikia barua za utoro, na kesi iliyokuwa ya mshahara wao inakuwa kesi ya nidhamu yako. Kwa mshambuliaji hasara ni mara mbili, kwa sababu klabu inayokutaka inaangalia dakika ulizocheza na mabao uliyofunga msimu huu. Beki anaweza kukumbukwa kwa msimu wa juzi. Straika aliyekaa miezi minne bila mechi anapokelewa kwa majaribio hata kama jina lake ni kubwa.

Klabu ikilipa mwezi mmoja siku ya 14, usidhani umekwama. Barua ilidai deni lote, na kulipa nusu si kutimiza. Lakini usiandike popote kwamba "tumemalizana", na usisaini karatasi ya makubaliano mapya kabla hajaisoma mtu anayejua kazi hii. Posho za mechi na bonasi za ushindi zidai pia, ila kwenye mstari wake. Hoja ya miezi miwili isimame juu ya mshahara peke yake.

Siku zikiisha bila malipo, andika barua ya pili: unavunja mkataba, kwa sababu ipi, kuanzia tarehe ipi. Ipeleke kwa njia zilezile. Baada ya hapo ndipo unazungumza na klabu nyingine, na ndipo unafungua madai ya mishahara iliyobaki pamoja na fidia, ambayo kwa kawaida huhesabiwa kutokana na muda uliobaki kwenye mkataba huku kipato cha klabu mpya kikipunguzwa. Mtanzania aliye kwenye klabu ya Tanzania anaanzia TFF, shirikisho la soka la nchi, pale Karume. Mchezaji wa kigeni anaweza kwenda FIFA, ambako hatozwi ada ya kufungua shauri. Ila baada ya miaka miwili tangu tukio, FIFA haisikilizi tena. Ukisaini kwingine kabla ya barua ya pili, una mikataba miwili kwa wakati mmoja, na hapo sina la kukusaidia zaidi ya kukupunguzia adhabu.

Vijiweni kuna kauli nyingine pia, tuzijibu moja moja. "Nikiwarudishia hela yao ya usajili, niko huru." Hapana. Dau la usajili, ile pesa ya siku ya kusaini, si bei ya kukukomboa, isipokuwa mkataba wako una kifungu kinachosema wazi kwamba kiasi fulani kikilipwa, kwa utaratibu fulani, mkataba unaisha. Desemba 2022 Feisal Salum, kiungo wa Yanga, aliiwekea klabu yake pesa ili aondoke. Kamati ya TFF ikaamua bado ni mchezaji wa Yanga. Alitua Azam Juni 2023, baada ya klabu mbili kuelewana. Mfano huu nchi nzima iliufuatilia, na bado msimu uliofuata watu wakaja na mpango uleule.

"Dau ndilo la maana, mshahara utajijenga." Hili linaniumiza, kwa sababu mzazi anahesabu noti za siku ya kusaini na hafungui ukurasa wa tatu. Dau linapokelewa mara moja. Mshahara ndio unaolipa kodi ya nyumba mwezi wa 14 ukiwa umeumia goti. Na uliza kama mshahara uliotajwa ni kabla au baada ya makato. Chukua milioni 3 kabla ya makato: makato ya hifadhi ya jamii (NSSF) asilimia 10 ni 300,000. Kinachobaki, 2,700,000, kinakatwa kodi ya mshahara (PAYE): 128,000 kwa milioni ya kwanza, na asilimia 30 ya 1,700,000 iliyobaki, yaani 510,000. Mkononi inafika 2,062,000. Karibu milioni moja imepotea kwa neno moja ambalo hukuuliza. Andikeni "baada ya kodi na makato yote" kama ndivyo mlivyokubaliana kwa mdomo.

Straika anashawishiwa zaidi ya wengine kukubali mshahara mdogo kwa ahadi ya bonasi ya mabao. Mimi siipendi biashara hiyo, kwa sababu anayekupanga ni kocha, na kocha anaweza kubadilishwa Novemba. Ukiikubali, kifungu kiseme mashindano gani yanahesabika, penalti zimo au hazimo, bao lililomgonga beki linatambuliwa kwa taarifa ya nani (weka taarifa rasmi ya mechi), na bonasi inalipwa tarehe gani. "Kila mwisho wa mwezi pamoja na mshahara" ni maneno mazuri. "Mwisho wa msimu" ni ahadi utakayoifuatilia ukiwa umeshahama.

"Mkataba umebaki miezi sita, siwajibiki kwao tena." Nusu ni kweli. Ukiwa umebakiza miezi sita au chini ya hapo unaruhusiwa kusaini mkataba wa awali na klabu nyingine, na klabu hiyo inatakiwa kuiarifu ya kwako kwa maandishi kabla ya mazungumzo. Lakini unaendelea kuwa mchezaji wao mpaka siku ya mwisho, na mkataba mpya unaanza baada ya huu kuisha.

"Nimshushe kijana wangu umri, Ulaya wanataka wadogo." Hili ni jinai ya kughushi nyaraka, na hata kama mtu haogopi jinai, hesabu yenyewe imekataa. FIFA hairuhusu uhamisho wa kimataifa wa mchezaji aliye chini ya miaka 18, ukiondoa mazingira machache maalumu. Kijana wa miaka 20 akishushwa hadi 16, amefungiwa Tanzania miaka miwili ambayo angekuwa anacheza nje. Mkataba wake nao hauwezi kuzidi miaka mitatu, wakati mtu mzima anaruhusiwa mitano. Kisha tarehe ile ya kwanza inaendelea kuishi kwenye usajili wa zamani, cheti cha shule na picha za mashindano ya vijana.

"Straika akifika 30 amekwisha." Meddie Kagere, aliyezaliwa 1986, alikuwa mfungaji bora wa Ligi Kuu akiwa Simba msimu wa 2018/19 kwa mabao 23, na tena 2019/20 kwa mabao 22. Saidi Ntibazonkiza alimaliza 2022/23 na mabao 17, sawa na Fiston Mayele, akiwa na miaka 36. Kinachokwisha ni mbio za mita 30, na hizo si kazi yote ya mshambuliaji.

"Kutoka Ndondo, soka la mtaani, moja kwa moja Ulaya, kama Samatta." Mbwana Samatta alitoka Mbagala, akapita African Lyon na Simba, akaenda TP Mazembe ya Lubumbashi, DR Congo, 2011. Alikaa Lubumbashi mpaka akabeba Ligi ya Mabingwa Afrika 2015, ndipo akaenda Genk ya Ubelgiji Januari 2016, na Aston Villa Januari 2020. Njia hiyo ina ngazi, na ngazi ndefu kuliko zote ilikuwa hapahapa Afrika.

"Wakala amenipatia majaribio, nimtumie hela ya maandalizi." Wakala halali ana leseni ya FIFA na jina lake linatafutwa kwenye orodha yao mtandaoni, dakika tano zinatosha. Malipo yake yanatokana na dili lililofanikiwa, wala si nauli unayomtumia kwa simu kabla hujaona barua ya mwaliko. Barua ikija, usiipigie simu namba iliyoandikwa humo. Tafuta mawasiliano ya klabu mwenyewe, waulize kama wanakufahamu. Mkataba wa wakala wa kukuwakilisha usizidi miaka miwili, ndivyo kanuni ilivyo.

Na klabu ikikupa mkataba wenye maneno "utaanza kutumika mchezaji akifaulu vipimo vya afya" au "akipata kibali cha kazi", urudishe yafutwe maneno hayo. FIFA inakataza uhalali wa mkataba wa mchezaji kutegemea vitu hivyo viwili. Vipimo vinafanywa kabla ya kusaini: goti, kifundo, moyo, damu. Omba nakala ya majibu, uitunze pamoja na ule mkataba.